Boti Iliyoitwa Hitherto

Ilianza Jumanne, saa tisa alasiri, kwa harufu ya rangi ya mafuta. Ufukwe wa Baraka, upande wa Kongo wa Ziwa Tanganyika, una harufu zake ambazo mtu aliyekulia pale hazisikii tena: ndagala, dagaa wa ziwa letu, wanaokauka juu ya mchanga, mafuta ya moteri, moshi wa kuni mbichi, mihogo iliyolowekwa. Rangi ya mafuta si ya kila siku, na ikipita puani watu hugeuza vichwa, maana inatangaza kwamba kuna boti inaandikwa jina. Siku ile boti ilikuwa ya mama yangu. Nilikuwa nimetoka shule, bado nimevaa sare, nikamkuta fundi wa kuandika amepiga magoti mchangani, ncha ya ulimi imemtoka pembeni mwa mdomo, anamalizia herufi ya mwisho. Herufi zilikuwa nyekundu zenye kivuli cheupe, zimenyooka vizuri: HITHERTO. Akarudi nyuma kidogo, akaitazama kazi yake, kisha akaniuliza, "We mutoto wa shule, ni nini hii nimeandika?" Nikamwambia sijui. "Basi tuko wawili," akasema, akaanza kusafisha brashi kwa petroli.

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu, darasa la nane, ambalo kwetu ni la sekondari. Sikuwa mtoto wa kusema. Si kwamba nilikatazwa, wala hakuna jambo baya lililonipata. Maneno yalifika mpaka kooni yakakaa pale kama watu wanaosubiri mlango ufunguliwe, na kabla haujafunguliwa mazungumzo yalikuwa yameshahamia kwingine. Nyumbani walizoea. Wageni walidhani nina kiburi, na shuleni walinipa jina la Kabati, kwa sababu kabati hujaa vitu na halitoi sauti. Naandika haya kwa sababu katika kuandika hakuna anayekusubiri umalize. Baba alikuwa Misisi, akiwauzia wachimba dhahabu kandambili na betri za tochi, na alirudi wakati barabara na pikipiki vilipokubaliana. Mama ndiye aliyekuwa Baraka nasi. Kwa miaka yote ninayoikumbuka alinunua ndagala, akawakausha, akawavusha hadi masoko ya Ubwari ng'ambo ya ghuba, ndani ya boti za watu. Mwenye mzigo mdogo hukaa nyuma, karibu na moteri, ambako moshi unakupiga usoni na mafuta yanachuruzika miguuni. Hapo ndipo palikuwa pa mama. Nguo zake za safari nilizifua mimi na hazikutakata hata siku moja.

Sasa alikuwa na boti yake, mpya, mbao zikiwa bado na rangi ya asali, na alitaka jina ambalo hakuna mwingine aliye nalo. Pale ufukweni majina yanafanana: boti mbili zinaitwa Uvumilivu, tatu zinamshukuru Mungu kwa Kifaransa, na abiria wakikosea kupanda wenye boti hugombana mpaka jioni. Mama akamtumia sauti kwa simu ndugu yake, mjomba wangu Samweli, aliyepelekwa Amerika kutoka kambi ya wakimbizi ya Tanzania. Mjomba alikuwa anafagia jumba moja kubwa la zamani, na juu ya mlango wake kulikuwa na neno lililochongwa kwenye jiwe. Akalipiga picha, akalituma. "Dada, weka hii," alisema katika sauti yake, huku nyuma kukisikika ndoo zikiburutwa. "Ni neno zee, hata benyewe hapa habalisemi sana. Ni yetu kabisa hii. Maana nitakueleza nikitoka kazi." Alipotoka kazini huku kwetu kulikuwa usiku, tulipoamka sisi yeye alikuwa amelala, na siku zikapita hivyo. Mama hakungoja. Alitaka rangi iwahi kukauka kabla ya Ijumaa, siku ya soko, na kwake kuwa neno lilikuwa la Kiingereza na limechongwa kwenye jiwe kulitosha.

Hakukutosha, na yeye alijua. Kwetu boti mpya haipakii mtu wala gunia mpaka jina lake liitwe. Mwenye boti anaingia majini mpaka magotini, anaweka mkono mbele ya boti yake, anataja jina na kusema maana yake. Waliopo ufukweni wana haki ya kuuliza, yeyote, hata mtoto, na mwenye boti lazima ajibu. Maswali yakiisha wote wanaitikia "Ipite!" na wapakizi wanaanza kazi. Lakini swali likikosa jibu, boti inasukumwa tena mchangani, jina linafutwa kwa petroli, na mwenyewe anaondoka kutafuta lingine. Nimeona likitokea mara moja, kwa mtu aliyeandika jina la mji wa Ulaya asioujua. Watu hawakumchukia; walipakia tu mizigo yao kwenye boti ya jirani, na wengi hawakurudi tena kwake. Sijui mila hii ilianza lini. Nadhani ni jambo la watu waliovuka ziwa hili mara nyingi wakiwa wanakimbia, ndani ya vyombo vya watu wasiowafahamu, kwa hiyo walipopata nafasi ya kuuliza wanapanda nini, waliamua kuitumia.

Kwa hiyo Jumatano, baada ya masomo, mama alinituma kwa Prof wa Kiingereza. Kwetu kila mwalimu wa sekondari anaitwa Prof. Huyu alikuwa kijana bado, mrefu, na alitembea na chaki mfukoni kama wengine wanavyotembea na sigara. Nilimwonyesha neno kwenye karatasi, maana kulitamka ilikuwa kazi. Akaliangalia kwa muda. "Nimewahi kukutana nalo, lakini hatujasalimiana vizuri," akasema, akalitafuta kwenye kamusi yake iliyofungwa kwa raba. Kisha akanieleza taratibu, na maelezo yake bado ninayo kichwani. Alisema maana yake ni mpaka wakati huu, mpaka hapa tulipofika. Ni neno la kuandikwa zaidi kuliko la kusemwa, na ukilitumia sokoni watakucheka. Linahitaji jambo lililokuwa likiendelea. Haliwezi kubeba kitu kilichotokea mara moja jana kikaisha. Na halisukumwi mbele, kesho haimo ndani yake. "Anayelisema," alimaliza, "ni kama mtu aliyesimama njiani akageuka kuangalia alikotoka. Na watu wakilisikia wanatega sikio, kwa sababu mara nyingi jambo hilo liko karibu kubadilika. Si lazima. Lakini mara nyingi." Nilitikisa kichwa kuonyesha nimeelewa. Akaniambia nimwambie mama kwamba Ijumaa atakuja mwenyewe ufukweni kusimama naye. Nyumbani mama aliuliza, "Amesemaje?" Nikasema, "Mpaka sasa. Na Ijumaa atakuja." Hayo tu. Mama alikuwa anageuza ndagala, akaona yanatosha.

Prof alikuwa na desturi ya kuandika neno la juma kwenye kona ya juu ya ubao, ndani ya kisanduku, na halikufutwa mpaka Jumamosi masomo yanapoisha. Alhamisi aliandika lile letu. Akaeleza kama alivyonieleza mimi, kisha akatafuta mfano, macho yake yakapita juu ya madawati, yakatua kwangu. Hakuwa na nia mbaya. Aliandika kwa Kiingereza, halafu akaisema kwa Kiswahili ili wote waelewe: Riziki, hitherto, hajasema neno mbele ya watu. Darasa lilicheka mpaka darasa la jirani wakagonga ukuta. Mtu nyuma akasema, "Kabati imeandikwa ubaoni!" Nami niliitazama sentensi ile, nikaona kwamba haikuwa na kosa. Kila neno lilikaa mahali pake. Hilo ndilo lililoniuma, kama kuna kilichoniuma. Mchana uleule Prof aliitwa Fizi, kwenye ofisi, kwa mambo ya walimu, akapanda pikipiki akaenda.

Ijumaa asubuhi ufukwe ulikuwa umejaa. Magunia ya chumvi, katoni za sabuni, madumu, kuku waliofungwa miguu, na boti ya mama imeelea nusu, nusu ikiwa bado mchangani, jina lake jekundu likiangalia watu. Mimi nilisimama na beseni la ndagala kichwani, kwa kuwa shule ilitupa ruhusa asubuhi ile kwa sababu ya mkutano wa wazazi, na macho yangu yalikuwa kwenye njia ya kutoka Fizi. Prof hakuonekana. Boti ya pili kutoka yetu ilikuwa ya Papa Bahati, mtu mnene mwenye kofia ya sufu hata kwenye jua, ambaye kwa miaka mingi ndiye aliyebeba wengi wa wanawake wale, mama akiwemo. Moteri yake ilikuwa tayari inanguruma. Hakuwa na haja ya kusema mengi. Alikuwa anangoja tu mama akwame.

Mama akakunja kitenge, akaingia majini, akaweka mkono kwenye mbao. "Boti hii jina lake Hitherto," akasema, na alilitamka kwa namna yake, hitato. "Maana yake, mpaka sasa."

Kisha Papa Bahati, bila kushuka kwenye boti yake, "Mpaka sasa nini, Mama Riziki? Mbona maneno inakatika katikati? Ni kama mutu anakwambia 'nilimuona' halafu anaenda kulala."

Watu wakacheka. Mpakizi mmoja aliyekuwa amekaa juu ya gunia akasema, "Mi nasikiaga ni neno ya ile kundi ya siri, ile iko kwenye telefone. Bananunua roho za batu."

"Wacha upumbavu," mama akasema.

"Basi jibu, mama. Mpaka sasa nini?"

Mama aliangalia njia ya Fizi. Halafu akageuka akaniangalia mimi. Pembeni yangu alisimama Mama Chausiku, muuza chumvi, mwanamke wa Kiislamu mwenye sauti ya kuita watu kutoka ng'ambo, ambaye mizigo yake peke yake ilijaza robo ya boti. Huyo akishapakia kwa mtu, wengine wanafuata. "Mi chumvi yangu haiingie mu kitu sijui," alisema, si kwa ubaya. "Mama Riziki, nani alikupa maana?"

"Mutoto," mama akajibu. "Alitoka nayo kwa Prof."

"Huyu? Huyu hasemaka!" akasema mpakizi. "Munamuonea bure. Leteni petroli tufute."

Na kweli mtu alikwenda kuchukua petroli. Nilimwona akiinama kwenye dumu. Nilijua kitakachofuata: jina litafutwa, soko la siku ile litapita, chumvi itakwenda kwa Papa Bahati, na jioni mama atarudi kukaa nyuma karibu na moteri, safari hii akiwa na boti yake mwenyewe imelala mchangani. Nilishusha beseni. Sikuhisi ujasiri, napenda hilo lieleweke. Nilihisi tu kwamba yale aliyosema Prof nilikuwa nayo mimi peke yangu, na kwamba mama alikuwa amesimama majini na nusu yake.

Niliingia majini na viatu vya shule. "Ni neno la kuangalia nyuma," nikasema.

"Sauti!" wakapiga kelele wa nyuma.

"Ni neno la kuangalia nyuma! Unasimama mahali, unageuka, unaona yote yaliyokuwa yanaendelea mpaka hapo uliposimama."

"Na kesho?" akauliza Papa Bahati.

Hapo ningeweza kudanganya, na wengi wangefurahi. "Kesho haimo," nikasema.

"Muliskia?" Papa Bahati aligeukia abiria, mikono hewani. "Boti haina kesho! Inakufikisha katikati ya maji, inakwambia mpaka sasa, kwaheri!" Vicheko vikapanda, na mwenye petroli akasogea karibu, kitambaa mkononi. Mama alikuwa bado ameshika mbao. Hakuniambia ninyamaze.

"Tupe mufano," akasema Mama Chausiku, akinyoosha mkono kumzuia mwenye petroli. "Neno bila mufano ni kama chumvi kwenye gunia limefungwa. Onjesha tuone."

Mfano mmoja tu ndio niliokuwa nao, ule wa ubaoni, na sikutaka kuutumia. Nikatazama miguu ya mama ndani ya maji. "Mama yangu," nikasema, "hitherto, amekuwa akikaa nyuma, karibu na moteri, mu boti za batu."

Nadhani ni sehemu ile ya mwisho, nilivyosema kama tunavyosema nyumbani na si kama shuleni, iliyowafikia. Wanawake wengi pale walikuwa wakikaa nyuma. Mmoja alisema "Ee!" kwa kuvuta, kama anayemwagiwa maji ya moto mguuni. Mama Chausiku alilitafuna lile neno, kisha uso wake ukafunguka taratibu, akaweka mikono kiunoni, akageuka kuelekea boti ya pili.

"Ngoja nijaribu mi pia. Papa Bahati!"

"Karibu, mama."

"Hitherto, nilikuwa napanda boti yako."

Kelele iliyofuata siwezi kuiandika. Watu walishikana mabega. Mpakizi aliteleza kutoka juu ya gunia lake. Wakaanza wote, kila mtu na sentensi yake, na nilishangaa kuona kwamba karibu wote waliliweka mahali pake: mmoja mumewe hitherto anaahidi nyama, mwingine hitherto anadaiwa mahari wakati mke ameshazeeka, binti mmoja hitherto anaitwa shemeji na mtu asiyetoa posa. Hata Papa Bahati, alipoona hana jinsi, alivua kofia akasema, "Na mimi hitherto nilikuwa na heshima kwenye ufukwe huu," naye akachekewa kwa upendo. Kuhusu kesho, Mama Chausiku alimjibu wakati anapita na gunia la kwanza: "Na boti yako we, ilishawahi kuniahidi kesho? Kila siku navukaga na Mungu tu." Halafu mama akaliita jina tena, na wakaitikia "Ipite!" kwa sauti iliyowaamsha kunguru juu ya paa la soko. Boti ikaondoka imejaa. Mama alikaa mbele. Nilirudi nyumbani na viatu vinavyolia maji.

Sasa nasoma Fizi-Centre, juu milimani, nakaa kwa mama mkubwa, na asubuhi hapa kuna harufu ya udongo wenye umande, si ya samaki. Boti ingalipo. Nyekundu yake imefifia, na mama anakataa kuipaka upya, anasema mbao zimeshalishika jina. Watu wa Ubwari wakiiona mbali wanasema "Hitato iko inakuja," na watoto wa pale wanadhani ni jina la mtu, labda babu yetu. Maana imepotea tena, na hakuna anayeuliza, kwa sababu boti iliyozoeleka haiulizwi. Kuna miezi ambayo haivuki kwa sababu ya vita, kuna miezi inavuka. Mjomba Samweli alituma maelezo yake juma lililofuata, yakafanana na ya Prof, ila yeye aliongeza kwamba siku aliyoelezwa neno lile alikaa juu ya ndoo akahesabu mahali pote alipowahi kulala. Nami siwezi kusema kwamba nilibadilika. Ukinipima kwa maneno ya kinywa, mimi ni yuleyule: nikiulizwa nafikiri sana, na mazungumzo yanahama. Huku Fizi hakuna anayeniita Kabati kwa sababu tu hakuna aliyekuja na jina hilo. Baraka niliyoijua mimi ilikuwa na watu waliokuwa tayari kuuchelewesha mzigo wa siku nzima ili waelewe neno moja. Sijaona tena jambo kama hilo, ofisini wala darasani.

Lakini nimeiruka asubuhi ya kesho yake, baada ya boti kuitwa jina. Ilikuwa Jumamosi, na Prof alikuwa amerudi na vumbi la njia hata kwenye nyusi. Neno la juma lilikuwa bado kwenye kona yake, na sentensi chini yake, na jina langu ndani ya sentensi. Alikuwa ametugeuzia mgongo, anaandika tarehe. Nilisimama, nikapita kati ya madawati, nikachukua kitambaa cha ubao, nikanyanyuka kwa vidole vya miguu kwa sababu kona ilikuwa juu, nikafuta sentensi yote, nikaliacha neno. Prof akageuka, chaki mkononi.

"Riziki. Nani amekuruhusu?"

"Haifai tena, Prof," nikasema, na wa nyuma walisikia. "Ilikuwa sahihi mpaka jana."

Nikarudi kukaa.